Ukishikwa kabla maandamano hayajaanza: mwongozo wa masaa 24 ya kwanza, Kenya

Kila tarehe ya maandamano ikikaribia story ni ile ile, siku mbili tatu kabla watu wanaanza kuchukuliwa, mmoja nyumbani saa kumi alfajiri, mwingine nje ya kazi, mwingine aliitwa tu stesheni "kuongea na OCS dakika tano" (huyo ni mkubwa wa kituo) na hajarudi, halafu grupu zote za WhatsApp zinajaa swali moja: kwani polisi wanaweza kushika mtu ambaye hajafanya kitu? Wanaweza, lakini mlango wenyewe ni mwembamba sana na wengi wanaoshikwa hawapitishwi hapo. Na ukishashikwa kuna saa inaanza kuhesabu, hiyo saa ndio silaha yako kubwa kuliko kelele zote za mtandaoni, kwa hivyo karibu kila kitu nitaandika hapa chini kinahusu kuhakikisha kuna mtu ameiandika.

Hii ni ya Kenya, Katiba ya 2010. Walio Tanzania na Uganda msichukue hizi namba za vifungu mkaenda nazo kwa askari wa kwenu, huko sheria ni zingine. Na wakili bado unamhitaji, hii ni ya kukusaidia kabla hajafika.

Kwanza jua wanaruhusiwa nini

Kushika watu mapema hakukuanza na Gen Z. Julai 1990 Kenneth Matiba na Charles Rubia walikuwa wameitisha mkutano wa Kamukunji tarehe 7, ile Saba Saba yenyewe, na tarehe 4 tayari walikuwa ndani, na Raila Odinga akabebwa siku hizo hizo. Hakuna shtaka, hakuna hakimu. Enzi hizo ilitosha serikali itie sahihi karatasi chini ya sheria ya kulinda usalama wa umma na wewe unakaa kizuizini hadi wachoke. Hiyo nguvu ilitolewa kwa sheria kwenye mageuzi ya IPPG, yale makubaliano ya wabunge wa vyama vyote, mwaka 1997, halafu Kifungu cha 29 cha Katiba ya sasa kikamaliza kabisa: hakuna kuwekwa kizuizini bila kesi isipokuwa wakati wa hali ya hatari, na hiyo hali ya hatari lazima itangazwe chini ya Kifungu cha 58, inakaa siku 14 tu mpaka Bunge liongeze. Kama hujasikia ikitangazwa basi haipo, na afande akikwambia "tunakuweka tu hapa mpaka hii kitu ya Jumatano iishe" amekuambia kwa mdomo wake mwenyewe kwamba anavunja Katiba. Hayo maneno yaandike, na saa aliyoyasema.

Sasa mlango mwembamba ni huu. Kwenye Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai, ile Cap 75, kuna sehemu ya polisi kuzuia uhalifu, vifungu vya 62 mpaka 65. Cha 64 ndicho kinawaruhusu kumshika mtu bila waranti kabla hajafanya kosa, lakini kisome vizuri. Lazima polisi awe anajua kuna mpango, si kwamba anahisi au ameambiwa na mkubwa. Lazima mpango wenyewe uwe wa kosa lile ambalo mtu hushikwa bila waranti. Na lazima ionekane hakuna njia nyingine ya kulizuia hilo kosa isipokuwa kumshika huyu mtu. Yote matatu kwa pamoja, moja likikosekana mlango umefungwa.

Kwenda maandamano si kosa. Kifungu cha 37 cha Katiba kinakupa haki ya kukusanyika, kuandamana, kupiga picket na kupeleka malalamiko kwa wenye mamlaka, mradi iwe kwa amani na bila silaha. Kwa hivyo "alikuwa anapanga kuandamana" haiwezi kuwa mpango wa kosa, na kuposti bango la tarehe na mahali pa kukutana haiwezi peke yake. "Alikuwa anapanga kuchoma jengo fulani na hii hapa mesej yake" hiyo ni story nyingine kabisa, hapo wana kitu. Watu wetu wakati mwingine hujisahau wanaandika utani wa moto kwa grupu ya watu 800, halafu ule utani unasomwa na kiongozi wa mashtaka mbele ya hakimu na hauchekeshi tena.

Hatua ya 1: wiki kabla

Kama wewe ndio mnaoandaa, peleka notisi. Sheria ya Utulivu wa Umma, Cap 56, kifungu cha 5, inataka notisi kwa OCS angalau siku tatu kabla na si zaidi ya siku 14, iwe na jina na anwani ya muandaaji, tarehe, njia mtakayopita, na saa iwe kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Hiyo ni notisi jameni, hamuombi ruhusa. Leseni ya kuomba iliondoka na hayo mabadiliko ya 1997 lakini kuna maOCS bado wanaongea kama iko. Anaweza kuwaambia tarehe au mahali hapawezekani kama kuna mwingine alitangulia kuleta notisi ya mahali na saa hiyo hiyo, na siku yenyewe anaweza kusimamisha mkutano kama kuna hatari ya wazi na ya karibu ya amani kuvunjika. Nenda na nakala mbili, moja igongwe muhuri urudi nayo. Wakikataa kugonga, andika nani amekataa na saa ngapi, na muwe wawili mnapoenda.

Kwako wewe binafsi, chagua mtu mmoja ambaye HAENDI maandamano. Huyo ndio atakuwa na jina lako kamili, namba ya kitambulisho, dawa unazomeza, namba ya wakili, na mtaa unaolala. Namba yake na ya wakili ziandike kwa mkono kwa kalamu, kwa sababu simu ndio kitu cha kwanza kuchukuliwa na siku hizi hakuna mtu anakumbuka namba yoyote kichwani isipokuwa ya mama. Simu yenyewe iwekee namba ya siri badala ya kidole au sura, kidole chako mtu anaweza kukivuta akakibandika kwa skrini kabla hujapumua.

Ukipigiwa simu uende stesheni, usijifanye shujaa uende peke yako na pia usijifiche. Mwambie wakili, uliza unaitwa kama shahidi au mshukiwa, omba wito wa maandishi, muende pamoja na mfike asubuhi si jioni, sababu ya asubuhi utaiona hapo chini.

Na kama una sababu ya kweli kuamini unatafutwa kushikwa, kuna kitu kinaitwa dhamana ya mapema, unaenda High Court kabla ya kushikwa. Mahakama zetu zimekubali ipo, kuna uamuzi wa 2004 wa W'Njuguna ambao mawakili huutaja, lakini hawaigawi kama peremende. Lazima uonyeshe kwamba haki zako zinavunjwa au karibu kuvunjwa na chombo cha serikali, kwa mfano watu wamekuja kwako mara kadhaa bila waranti, gari limekuwa likikufuata. "Naogopa" peke yake haitoshi.

Hatua ya 2: mkono ukishakushika

Usipigane, hata kama uko sahihi mia kwa mia. Ukimsukuma tu umewapa kosa ambalo hawakuwa nalo, na sasa kushikwa kwako kumekuwa halali. Uliza kwa sauti ili walio karibu wasikie: nyinyi ni akina nani, nashikiwa nini, mnanipeleka stesheni gani. Kifungu cha 49 cha Katiba kinasema uambiwe sababu mara moja kwa lugha unayoelewa, uambiwe una haki ya kunyamaza, na uruhusiwe kuwasiliana na wakili na mtu mwingine yeyote ambaye msaada wake unahitajika. Sema jina lako kamili kwa sauti, na namba ya mtu wako ukiweza.

Wakiwa hawana yunifomu na wamekuja na Subaru, piga kelele sana. Agosti 2024 Mahakama Kuu, Jaji Bahati Mwamuye, ilitoa amri kwamba polisi kwenye maandamano wasifiche sura zao na walio na yunifomu waonyeshe jina au namba ya kazi. Ukiitaja barabarani pengine hawatajali, lakini ikifika kortini kwamba waliokushika walikuwa na kofia za kufunika uso, hiyo inauma upande wao.

Wewe uliyesimama kando ukiona mtu anabebwa: rekodi, na sema kwenye hiyo video tarehe, saa na mahali. Namba ya gari ni dhahabu. Usimuwekee kichwa cha habari, usiongeze muziki, itume kwa mtu wake kabla ya kuiposti.

Hatua ya 3: hesabu saa

Hapa ndio nataka mkae kidogo.

Kifungu cha 49 kinasema mtu apelekwe kortini haraka iwezekanavyo, na isipite masaa 24 tangu ashikwe. Tangu ASHIKWE. Hayaanzi pale afande wa zamu alipopata kalamu akaandika kwa OB, kile kitabu cha matukio cha stesheni, na hayaanzi upya kila mnapohamishwa, ukitolewa Central ukapelekwa Muthaiga kisha Pangani saa ni ile ile moja. Kuzungushwa stesheni tatu usiku mmoja ni mchezo wa zamani, familia inachoka kukutafuta na karatasi zinasoma kama umeshikwa asubuhi.

Lakini kuna kapindi. Kama yale masaa 24 yanaishia nje ya saa za korti, au siku ambayo korti haifanyi kazi, basi wana hadi mwisho wa siku ya korti inayofuata. Sasa fanya hesabu. Umeshikwa Alhamisi saa tisa mchana, masaa 24 yanaisha Ijumaa saa tisa, korti iko wazi, lazima uwe umeshafikishwa. Umeshikwa Alhamisi saa moja usiku, masaa yanaisha Ijumaa saa moja usiku, korti imefungwa, siku inayofuata ya korti ni Jumatatu. Tofauti ya masaa manne inakulaza seli wikendi nzima. Ndio maana saa inayoandikwa kwa OB hubishaniwa, ndio maana nasema video iwe na saa, na ndio maana Ijumaa hupendwa sana.

Mnakumbuka Mei 2025, yule dada aliyetengeneza tovuti ya kusaidia watu kutuma email kwa Bunge kupinga Mswada wa Fedha. Alishikwa Ijumaa tarehe 30, Jumapili ilikuwa Madaraka kwa hivyo Jumatatu ikawa holide, akafikishwa kortini Jumanne tarehe 3 Juni. Usiku nne kwa kosa la email. Na tarehe 20 mwezi huo huo korti ikatupa mashtaka, ikasema yale yaliyoandikwa hayaonyeshi kosa lolote. Alishinda, sawa, lakini zile siku za seli nani anamrudishia.

Kwa hivyo mtu akishikwa Ijumaa msikubali kuambiwa "sheria inasema Jumatatu" mkarudi nyumbani kulala. Sheria inasema haraka iwezekanavyo, Jumatatu ni kikomo tu. Na kuna kifungu cha 36 cha ile Cap 75 watu wengi hawakijui: kama haitawezekana kumfikisha mtu kortini ndani ya masaa 24, na kosa si zito, mkubwa wa kituo ANAPASWA kumwachilia kwa bondi. Bondi ya polisi hutolewa hata Jumamosi, hata saa sita usiku. Mtajieni hicho kifungu kwa heshima, na mwombe jibu lake kwa maandishi.

Hatua ya 4: mtu wako hayuko kwenye OB

Hii ndio mbaya kuliko zote. Mnafika mnaambiwa hayuko hapa. Muulize OCS mwenyewe, si yule wa kaunta. Kisha mwandikieni barua fupi, mistari mitano: fulani, namba ya kitambulisho, alishikwa mahali fulani saa fulani na watu waliosema ni polisi, tunaomba kujua alipo. Mpelekeeni nakala, igongwe, mpige picha. Nendeni stesheni zinazofuata na nakala zingine. Hii barua inaonekana kama kazi ya bure lakini ndio itabeba hati yenu ya kiapo kesho.

Wakati huo huo wapigieni Chama cha Mawakili, LSK, na Tume ya Haki za Binadamu KNCHR na IPOA, ile mamlaka huru ya kusimamia polisi. Msingoje asubuhi. Albert Ojwang alishikwa Homa Bay Juni 2025 kwa sababu ya posti, akaletwa Nairobi, Central, na hakutoka hai, na maelezo ya kwanza ya polisi kwamba alijigonga kichwa ukutani yalikanushwa na upasuaji wa daktari wa serikali. Naandika hivi si kutisha mtu, ni ili muelewe kwa nini kumuona mtu wako kwa macho usiku wa kwanza ni muhimu kuliko kumpelekea blanketi.

Ikifika hapo wakili aende High Court kuomba habeas corpus, yaani mahakama iamuru mtu aletwe mbele yake mzima mzima. Kifungu cha 51 kinaipa, na Kifungu cha 25 kinasema hii haiwezi kupunguzwa na sheria yoyote. Hamna wakili? Kifungu cha 22 kinasema mtu yeyote anaweza kwenda kwa niaba ya asiyeweza, hakuna ada ya kufungua, na kanuni za 2013 zinakubali hata barua ya kawaida au kuongea tu mbele ya jaji. Na inafanya kazi, si karatasi tu. Watu watatu walipotea Kitengela Agosti 2024, LSK ikaenda kortini, kaimu Inspekta Jenerali Gilbert Masengeli akaitwa mara kadhaa hakuja, na tarehe 13 Septemba Jaji Lawrence Mugambi akamhukumu miezi sita kwa kudharau mahakama. Wiki iliyofuata wale watatu walionekana, hai, na Masengeli naye akafika kortini akaomba msamaha, hukumu ikaondolewa.

Hatua ya 5: ndani ya stesheni

Jina na kitambulisho toa. Mengine nyamaza mpaka wakili afike, na kunyamaza ni kunyamaza, ile ya "mimi nilikuwa napita tu" ni statement tayari. Ukiungama mbele ya afisa anayekuchunguza haikubaliki kortini, Sheria ya Ushahidi inataka iwe mbele ya jaji, hakimu, au polisi mwingine mwenye cheo kinachotakiwa na sheria, na uwe na mtu uliyemchagua mwenyewe. Usitie sahihi kitu hujasoma. Namba ya siri ya simu usitoe, waulize amri ya korti iko wapi.

Aliye chini ya miaka 18 sema umri mara moja na rudia, Katiba inataka mtoto awekwe mbali na watu wazima na kwa muda mfupi iwezekanavyo.

Bondi ya polisi ni ya bure. Dhamana ya pesa ni kitu tofauti na ina risiti. Pesa isiyo na risiti mnajua jina lake.

Hatua ya 6: mbele ya hakimu

Siku ya kwanza kuna mambo matatu tu: ushtakiwe, au uambiwe kwa nini unaendelea kuzuiliwa, au uachiliwe. La nne halipo.

Mara nyingi kwa watu walioshikwa kabla ya maandamano polisi hawana shtaka, wanaomba siku, "tunaomba siku 14 tukamilishe uchunguzi". Hiyo iko kwenye kifungu cha 36A cha ile Cap 75, na inataka ombi la maandishi, hati ya kiapo, na sababu nzito. Wakili wako ataje kesi ya Oscar Sudi ya Nakuru, Septemba 2020, Jaji Joel Ngugi alimwachilia akasema serikali lazima ionyeshe iko na nia njema kabisa, kuna hali isiyo ya kawaida, na hakuna njia nyepesi kuliko kumfungia mtu. Kwa lugha ya mtaani: huwezi kushika ndio uanze kutafuta. Kumbusha hakimu pia tarehe ya maandamano, kama siku wanazoomba zinaishia siku moja baada ya maandamano, hesabu yenyewe inajieleza.

Angalia shtaka ni gani. Ile ya kuzua vurugu chini ya kifungu cha 95 cha Kanuni ya Adhabu, ambayo hupenda sana kutumika, adhabu yake ni miezi sita, na Kifungu cha 49(2) cha Katiba kinasema kosa la faini tu au lisilozidi miezi sita mtu hawekwi rumande. Nimeona hii ikisahaulika hadi na mawakili. Mkusanyiko haramu wa kifungu cha 79 ni mwaka mmoja kwa hivyo hapo kinga hiyo haipo, unaomba dhamana ya kawaida kwa masharti yanayowezekana. Na tangu 2025 wameanza kupeleka waandamanaji Korti ya Kahawa na mashtaka ya ugaidi, dhamana ikawa ngumu zaidi na familia zikaogopa hata kuja. Haki za Kifungu cha 49 ni zile zile Kahawa kama Milimani, neno "ugaidi" halizifuti.

Hakimu akikupa masharti ya "usiposti, usihudhurie mkutano wowote", wakili apinge hapo hapo, yanaweza kupelekwa High Court yaangaliwe upya.

Hatua ya 7: ukishatoka

Nenda hospitali siku hiyo hiyo hata kama ni kidonda kidogo, chukua fomu ya P3, ile ya polisi ambayo daktari anajaza majeraha yako, piga picha za alama kabla hazijapotea. Omba nakala ya OB. Peleka malalamiko IPOA ukiwa na majina au namba za kazi. Ukiwa na saa ulizoandika, video na barua zenye muhuri, unaweza kushtaki kwa kuvunjiwa haki chini ya Kifungu cha 23 na ulipwe fidia hata kama kesi yenyewe ilitupwa, kutupwa kwa kesi hakufuti ulivyolazwa ndani. Na kama ulilipa dhamana ya pesa, risiti itunze vizuri, kesi ikiisha unarudi nayo kudai pesa yako, na bila hiyo karatasi utazungushwa mpaka useme basi.